Majivu ya Maganda ya Ndizi na Usafi wa Vyombo: Somo la Alkali kutoka Bukoba na Muleba

Mwanafunzi wa sekondari anapofundishwa kwamba alkali ni besi inayoyeyuka katika maji, aghalabu mfano anaopewa ni chupa ya sodiamu hidroksidi iliyowekwa katika kabati la maabara. Ikiwa shule yake haina maabara, au kabati hilo ni tupu, basi alkali hubaki kuwa neno la kukariri kwa ajili ya mtihani. Jambo hili linashangaza sana katika wilaya za Bukoba na Muleba, kwa sababu huko karibu kila jiko lina alkali ya kutosha kwa somo zima. Alkali hiyo imo katika majivu.

Akina mama wa Kagera wamesugua vyombo kwa majivu tangu zamani. Miaka ya mwanzo ya 1980, sabuni ilipoadimika katika maduka ya Tanzania, kaya nyingi nchini ziliyarudia majivu kwa vyombo na hata kwa nguo. Leo sabuni ipo, lakini bei yake ni mzigo kwa familia nyingi, na shule za bweni hutumia nyingi kila siku. Kwa hiyo swali la makala haya lina manufaa ya kweli: je, tunaweza kutengeneza dawa ya kuoshea vyombo kwa vitu vya nyumbani, na kuitumia bila kuharibu sufuria, ngozi wala shamba? Jibu ni kwamba tunaweza, iwapo tutafahamu kilichomo katika majivu na kukipima.

Ni kitu gani kilichomo katika majivu?

Mmea unapochomwa kabisa, kaboni yake hugeuka kuwa hewa ya kabonidayoksaidi, haidrojeni yake huwa mvuke wa maji, na naitrojeni yake nayo hupotea hewani. Kinachobaki ni madini ambayo mizizi iliyanyonya kutoka ardhini: kalsiamu, potasiamu, magnesi, fosforasi, silika na mengine kidogo kidogo. Katika majivu ya miti mingi, kalsiamu ndiyo iliyo nyingi. Mgomba ni tofauti. Huu ni mmea wenye njaa kubwa ya potasiamu, na sehemu kubwa ya potasiamu hiyo huwekwa katika mkungu. Ndiyo maana majivu ya maganda ya ndizi, iwe ni ndizi za kupika au za pombe, yana potasiamu nyingi kuliko majivu ya kuni za kawaida. Makapi ya kahawa yanayobaki baada ya kukoboa nayo yana potasiamu ya kutosha.

Ndani ya majivu, potasiamu huwa hasa katika umbo la potasiamu kabonati, K₂CO₃. Kampaundi hii huyeyuka katika maji kwa urahisi mno: gramu 100 za maji ya kawaida huweza kuyeyusha zaidi ya gramu 100 za kabonati hiyo. Kalsiamu kabonati, kwa upande wake, karibu haiyeyuki kabisa. Tofauti hii ndiyo inayotuwezesha kuitenga alkali kwa maji matupu: tukipitisha maji katika majivu, potasiamu hutoka na kalsiamu hubaki.

Maarifa haya hayakuanzia maabara. Neno «alkali» lenyewe limetoka katika Kiarabu, nalo lilikuwa na maana ya majivu ya mimea fulani ya maeneo ya chumvi. Huko Ulaya, watu walichuja majivu ya kuni na kuyachemsha maji yake katika vyungu hadi yakauke. Jina la potasiamu linatokana na hayo «majivu ya chungu». Hataza ya kwanza kabisa kutolewa na serikali ya Marekani, mwaka 1790, ilimpa Samuel Hopkins haki juu ya njia ya kutengeneza chumvi hiyo. Mwaka 1807, Humphry Davy alipitisha umeme katika potasi kali iliyoyeyushwa akapata metali ya potasiamu kwa mara ya kwanza. Na katika Afrika ya Magharibi, hasa Ghana na Nigeria, sabuni nyeusi ya asili hutengenezwa hadi leo kwa majivu ya maganda ya ndizi na ya kakao, pamoja na mafuta ya mawese au ya aina nyingine.

Alkali huondoaje mafuta?

Tuchukue mfano wa kikaango cha senene. Wakati wa msimu wa senene, hasa Novemba na Desemba, wadudu hawa hukaangwa kwa mafuta yao wenyewe, kwani mafuta ni zaidi ya theluthi moja ya uzito wao wakiwa wakavu. Kikaango hicho kikioshwa kwa maji matupu, maji huteleza juu ya mafuta. Sababu ni kwamba molekuli za maji hushikamana zenyewe kwa zenyewe na hazina mvuto wa kutosha kwa molekuli za mafuta.

Potasiamu kabonati hutenda kazi mbili. Kwanza, sehemu yake huungana na maji na kutoa ioni za hidroksidi:

K₂CO₃ + H₂O ⇌ KHCO₃ + KOH

Mafuta yaliyokaangiwa mara kwa mara huwa na asidi huru za mafuta, na asidi hizi hugeuzwa mara moja kuwa sabuni ya potasiamu. Pili, sabuni hiyo kidogo iliyozaliwa juu ya chombo chenyewe hukamata mafuta yaliyosalia. Kila molekuli ya sabuni ina kichwa kinachopenda maji na mkia unaopenda mafuta. Mikia huzama katika tone la mafuta, vichwa hubaki nje majini, na tone zima hubebwa na maji.

Hata hivyo, tusidhani kwamba kabonati hugeuza mafuta yote kuwa sabuni. Mafuta ambayo bado yameungana na gliserini huhitaji alkali iliyo kali zaidi, yaani hidroksidi, pamoja na joto. Ndiyo sababu maji ya majivu ya moto huosha vizuri kuliko ya baridi, na ndiyo sababu pia vyombo vyenye mafuta mengi vifutwe kwanza kwa jani kavu la mgomba kabla ya kuoshwa.

Kanuni hii haikuachwa jikoni peke yake. Josephine Cochrane wa Illinois, Marekani, alipata hataza ya mashine ya kuoshea vyombo mwaka 1886. Unga unaotumika katika mashine za namna hiyo siku hizi hautegemei povu, kwa sababu povu huzuia mirusho ya maji. Hutegemea alkali, na mojawapo ya viungo vyake vya kawaida ni sodiamu kabonati, ndugu wa karibu wa kabonati ya majivu yetu. Wanafunzi wakumbuke basi kwamba povu si kipimo cha usafi.

Jaribio la kwanza: kutengeneza maji ya majivu

Vifaa: maganda ya ndizi yaliyokaushwa juani, kigae au chungu cha zamani cha kuchomea, ndoo mbili za plastiki, moja ikiwa imetobolewa matundu madogo chini, kitambaa safi cha pamba, nyasi kavu, kikombe cha robo lita, maji ya mvua au ya ziwa.

Hatua:
1. Choma maganda makavu mahali pa wazi hadi majivu yawe ya kijivu au meupe. Weusi ni dalili ya kaboni ambayo haijaungua. Usichanganye na takataka, na hasa plastiki. Usichomee juu ya bati, kwa maana zinki iliyopakwa juu yake nayo hushambuliwa na alkali.
2. Acha majivu yapoe kabisa, kisha yachekeche.
3. Tandika nyasi kidogo chini ya ndoo yenye matundu, weka kitambaa juu yake, halafu mimina vikombe viwili vya majivu.
4. Mimina polepole vikombe vinne vya maji ya moto kiasi. Kinga yanayochuruzika katika ndoo ya pili.
5. Rudisha maji hayo juu ya majivu yaleyale mara moja zaidi.

Maji utakayopata yatakuwa na rangi ya manjano au ya kahawia hafifu, na yatateleza kama sabuni. Usiyapime kwa vidole wala kwa ulimi. Utelezi huo ni mafuta ya ngozi yanayogeuzwa kuwa sabuni.

Maji ya mvua na ya Ziwa Viktoria yanafaa sana kwa kazi hii, kwa sababu ni maji laini, yaani yana kalsiamu kidogo. Mtu wa Unguja anayechota katika kisima cha mwamba wa matumbawe ana maji magumu. Huko sehemu ya kabonati itatumika kwanza kuitoa kalsiamu ya maji kabla ya kugusa mafuta.

Jaribio la pili: kupima nguvu

Mpishi mzoefu hukisia nguvu ya maji ya majivu kwa macho. Mwanasayansi hana budi kuipima, kwa sababu majivu ya leo huenda yasiwe sawa na ya wiki ijayo.

Kwa kutambua alkali, koroga kijiko cha unga wa manjano katika spiriti kidogo, chovya karatasi nyeupe, uikaushe mbali na moto. Karatasi hii ya rangi ya njano itageuka kuwa nyekundu ya kahawia ikiguswa na alkali, na itarudi kuwa ya njano ikiguswa na siki au ndimu. Wanafunzi walinganishe majivu ya maganda ya ndizi, ya makapi ya kahawa na ya kuni za mkaratusi: watie vijiko vinne vya kila maji ya majivu katika glasi, wadondoshe siki tone kwa tone huku wakikoroga na kugusisha karatasi, na wahesabu matone hadi wekundu usitokee tena. Maji yanayohitaji matone mengi zaidi ndiyo yenye alkali nyingi zaidi.

Kwa kupata kipimo cha gramu, mwalimu achukue mililita 100 za maji yaliyochujwa vizuri, azikaushe polepole katika bakuli la kaure lililowekwa juu ya mvuke wa maji yanayochemka, kisha apime uzito wa chumvi inayobaki. Tuseme, kwa mfano, chumvi hiyo ni gramu 6. Lita moja basi ina gramu 60. Kwa kuoshea vyombo, gramu 10 katika lita zinatosha. Kwa hiyo sehemu moja ya maji ya majivu itazimuliwa kwa sehemu tano za maji, kusudi jumla iwe sehemu sita. Ikumbukwe kwamba chumvi hiyo si kabonati tupu. Ina pia kloridi na salfeti ya potasiamu, ambazo haziondoi mafuta.

Matumizi jikoni

Chukua lita moja ya maji yaliyozimuliwa, yapashe moto, yatie kijiko kimoja cha sabuni ya mche iliyokunwa, ukoroge hadi iyeyuke. Hii ndiyo dawa yetu ya kuoshea. Sabuni kidogo huanza kazi ya kukamata mafuta, na alkali huiongezea nguvu. Loweka sahani za udongo, glasi, vyombo vya chuma cha pua na vyungu kwa dakika chache, sugua, kisha suuza kwa maji safi mara mbili. Asiye na majivu ya ndizi aweza kutumia magadi kwa kipimo hichohicho cha gramu 10 kwa lita, kwani magadi ya asili ni mchanganyiko wa kabonati na bikabonati ya sodiamu. Kusuuza ni lazima hapa pia, maana baadhi ya magadi ya nchi yetu yana floridi nyingi.

Jaribio la tatu: hatari kwa sufuria za alumini

Sufuria nyingi za majumbani mwetu ni za alumini. Alumini hulindwa na utando mwembamba wa oksidi, na alkali huuyeyusha utando huo. Hili laweza kuonyeshwa darasani kwa urahisi. Weka kipande kidogo cha alumini kuukuu katika glasi ya maji ya majivu ambayo hayakuzimuliwa, na kingine katika maji matupu. Baada ya muda, vipovu vitaonekana katika glasi ya kwanza na metali itafifia. Vipovu hivyo ni hewa ya haidrojeni:

2Al + 2KOH + 6H₂O → 2KAl(OH)₄ + 3H₂

Jaribio hili lifanywe mbali na moto, kwa kipande kidogo, katika chombo kisichofunikwa. Fundisho lake ni wazi: maji ya majivu yasilowekwe wala kuchemshwa katika sufuria ya alumini. Kwa sufuria hizo tumia sabuni ya kawaida, na kwa kusugua masizi tumia yale majivu yaliyobaki katika kitambaa baada ya kuchujwa, yakiwa yamesuuzwa mara kadhaa na kuchekechwa. Alkali yake kali imekwisha kutoka, na kilichobaki ni hasa unga wa kalsiamu kabonati.

Ndimu na majivu visichanganywe

Watu wengine hupenda kutia siki au ndimu pamoja na magadi au majivu, wakidhani kwamba dawa mbili zina nguvu kuliko moja. Mchanganyiko hufoka kwa nguvu, na kufoka huko huwapendeza. Lakini hewa inayotoka ni kabonidayoksaidi tu, na asidi na alkali zimekwisha kuuana. Kinachobaki ni maji yenye chumvi isiyo na kazi.

Ndimu ina kazi yake ya pekee. Harufu ya sangara au dagaa hutokana kwa sehemu kubwa na kampaundi zenye tabia ya besi ziitwazo amini. Asidi ya ndimu huzigeuza kuwa chumvi zisizoruka hewani, na harufu hupungua. Kwa hiyo sahani ya samaki ioshwe kwanza kwa maji ya majivu ili mafuta yatoke, isuuzwe, ndipo ipakwe ndimu.

Tahadhari

Maji ya majivu yasiyozimuliwa huunguza macho, na mtoto akiyanywa huweza kuungua koo na umio. Rangi yake hafifu hufanana na chai ya rangi. Kwa hiyo yasiwekwe kamwe katika chupa ya soda au ya maji ya kunywa. Yahifadhiwe katika chombo cha plastiki chenye kifuniko na maandishi, mahali pa juu. Anayeyachuja avae miwani na glavu za mpira. Yakiingia jichoni, jicho lioshwe kwa maji safi mengi kwa dakika 20 au zaidi, na mtu apelekwe hospitali. Aliyeyameza asilazimishwe kutapika wala asipewe ndimu. Asukutue kinywa na apelekwe hospitali mara moja.

Kurudisha kibanjani

Hapa twafikia jambo ambalo mkulima wa Kagera atatuuliza bila shaka: je, kuchoma maganda si kuinyima migomba chakula? Swali lake ni la haki. Udongo wa Bukoba na sehemu kubwa ya Muleba umetokana na miamba ya mchanga, na mvua nyingi za kandokando ya ziwa huuosha na kuufanya uwe na asidi. Kibanja kimeendelea kuzaa kwa sababu wazee walikirutubisha kwa samadi, kwa nyasi zilizokatwa rweya, na kwa mabaki ya jikoni. Potasiamu iliyo katika ganda ni mali ya kibanja. Tukiimwaga mferejini, tumeipunguza shamba.

Kwa sababu hiyo tufuate kanuni tatu. Kwanza, maganda ambayo mbuzi na ng'ombe wanaweza kula wapewe wao. Tuchome tu yanayozidi, na kwa kiasi cha mahitaji, kwani moto hupoteza naitrojeni na mboji. Pili, majivu yaliyochujwa yatawanywe kibanjani, maana kalsiamu kabonati yake hupunguza asidi ya udongo. Tatu, maji machafu ya kuoshea, yakiwa yamezimuliwa zaidi kwa maji ya kusuuzia, yamwagwe juu ya matandazo kwa kuhamahama, pasiwe na shina moja linalopokea yote. Potasiamu huifaa migomba. Sodiamu ya magadi haiifai, na hapa ndipo majivu ya ndizi yanapoyashinda magadi.

Kanuni hizi huliokoa ziwa pia. Fosforasi inayoingia Ziwa Viktoria hulisha mwani na magugu maji. Umoja wa Ulaya uliweka mipaka mikali ya fosfeti katika sabuni za mashine za kuoshea vyombo kuanzia mwaka 2017 kwa sababu ya madhara ya namna hiyo katika maji yao. Majivu nayo yana fosforasi kiasi, na mahali pake panapofaa ni kwenye mizizi ya mgomba.

Maswali ya kujadili

1. Kwa nini majivu ya maganda ya ndizi hutoa alkali nyingi kuliko majivu ya kuni, ingawa yote ni majivu?
2. Mililita 100 za maji ya majivu zilibakiza gramu 4 za chumvi. Yazimuliwe kwa sehemu ngapi za maji ili kupata gramu 10 kwa lita?
3. Chokaa ya kujengea, Ca(OH)₂, ikitiwa katika maji ya majivu, mashapo meupe hutokea na alkali huwa kali zaidi. Andika mlinganyo wa badiliko hilo, na ueleze kwa nini maji hayo hayafai tena kuoshea vyombo.
4. Sabuni ya potasiamu ni laini, na ya sodiamu ni ngumu. Watengenezaji wa sabuni wa zamani walitia chumvi ya mezani katika sabuni ya majivu iliyokuwa bado jikoni. Walikuwa wakitafuta nini?
5. Chunguza jikoni kwenu au katika bweni lenu: kila siku hupatikana majivu kiasi gani, nayo huenda wapi? Andika hesabu ya juma moja na uilete darasani.